Chrome Enterprise Core kwenye laptopu za shule za Arusha: je, inafunga viendelezi kweli?

Jibu fupi ni ndiyo, inafunga, yaani inazuia viendelezi (programu ndogo zinazoongezwa ndani ya Chrome), na haina ada. Lakini ukiiwasha tu na kuiacha hivyo, upande wa viendelezi hujapata kitu. Kanuni yake ya kuanzia inaruhusu kila kiendelezi kilichopo kwenye duka la Chrome. Tena laptopu nyingi za hapa kwetu huingia shuleni zikiwa tayari na kanuni za mtu mwingine ndani ya Windows, na hizo zina nguvu kuliko utakazoandika wewe. Tathmini hii inakaa zaidi kwenye mambo hayo mawili, kwa sababu ndipo shule zinapoumia.

Huduma yenyewe ni ya Google, na zamani iliitwa Chrome Browser Cloud Management. Msimamizi anaandika kanuni mara moja kwenye ukurasa wa usimamizi, na kila Chrome iliyosajiliwa inazifuata, hata kama mwanafunzi hakuingia kwa akaunti ya shule, hata kama ameingia kwa Gmail yake binafsi. Haihitaji Chromebook wala seva. Hapo ndipo inapotufaa, maana maabara za kompyuta kuanzia Ngaramtoni mpaka Usa River zina laptopu za Windows zilizokwisha kutumika, HP, Dell na Lenovo, kila moja na historia yake. Windows Home inatosha. Shule yenye Google Workspace for Education Fundamentals, ambayo shule inayokidhi vigezo haitozwi kitu, inaiwasha kwenye akaunti ileile.

Kabla ya hatua, tuangalie kinachofungwa ni nini. Chukua laptopu yoyote ya maabara, fungua folda ya `AppData\Local\Google\Chrome\User Data\Default\Extensions` ndani ya jina la mtumiaji. Utakuta folda zenye majina ya herufi 32, zote kati ya a na p. Kila folda ni kiendelezi kimoja. Ingia ndani, fungua faili la `manifest.json` kwa Notepad, utafute mistari ya ruhusa. Kiendelezi cha kupakua video, ambacho wanafunzi wanakipenda sana, aghalabu kinakuwa na kitu kama hiki:

`"permissions": ["cookies", "scripting", "webRequest"],`
`"host_permissions": ["<all_urls>"]`

Mstari wa pili unasema: tovuti zote. `scripting` inakipa uwezo wa kupenyeza msimbo ndani ya ukurasa wowote uliofunguliwa, yaani kusoma kila kinachoandikwa kwenye fomu, nenosiri likiwemo. `cookies` inakipa vidakuzi vya kuingilia, na mwenye kidakuzi chako haulizwi nenosiri wala namba ya siri ya kwenye simu, kwa sababu tovuti inamwona kama wewe uliyekwisha kuingia. Sasa fikiria mwalimu wa taaluma ameazima laptopu hiyo baada ya vipindi ili aingie kwenye mfumo wa PReM wa Baraza la Mitihani. Kiendelezi cha video kipo palepale, kinaona yote. Taarifa za wanafunzi zikitoka hapo, Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, iliyoanza kutumika tarehe 1 Mei 2023, haimtafuti mwanafunzi aliyekisakinisha. Shule ndiyo inayozikusanya taarifa hizo, na shule ndiyo itakayoulizwa.

Watu wengi hudhani hatari iko kwenye viendelezi vibaya pekee. Vizuri pia vina matundu. Februari 2018 mtafiti Tavis Ormandy wa Google alionyesha kwamba kiendelezi cha Grammarly, kilichokuwa na watumiaji takriban milioni 22, kilikuwa kinaiachia tovuti yoyote ichukue tokeni ya kuingilia na kusoma nyaraka za mtumiaji. Walikirekebisha haraka, lakini kwa muda wote ule kilikuwa kiendelezi halali, cha kampuni inayojulikana, chenye nyota nyingi.

Balaa la pili ni kiendelezi kizuri kugeuka. The Great Suspender, kilichokuwa kikiokoa kumbukumbu kwa kulaza vichupo, kiliuzwa mwaka 2020 kwa mtu asiyejulikana, na Februari 2021 Google ikakizima kwa sababu kilikuwa na msimbo hatari. Kilikuwa na watumiaji zaidi ya milioni 2. Namba yake ya utambulisho haikubadilika hata herufi moja, kwa hiyo shule iliyokuwa imekiruhusu mwaka 2019 iliendelea kukiruhusu chini ya mwenye mali mpya. Desemba 2024 ikatokea kwa Cyberhaven, kampuni ya usalama wenyewe: mfanyakazi alitegwa kwa barua pepe iliyojifanya inatoka duka la Chrome, wavamizi wakapandisha toleo 24.10.4 siku ya Krismasi, na vivinjari vikajisasisha vyenyewe bila mtu kubonyeza chochote.

Hapa kuna jambo ambalo wasimamizi wengi hawalijui. Mtu anaposakinisha kiendelezi mwenyewe, toleo jipya likitaka ruhusa kubwa zaidi, Chrome hukizima mpaka mtumiaji akubali. Kiendelezi ambacho shule imekilazimisha kiwepo hakipitii hapo: kinapewa kila ruhusa kinachoomba, kimya kimya. Kwa hiyo kulazimisha kiendelezi ni kumpa mtengenezaji wake funguo za laptopu zote za shule. Lazimisha kile tu ambacho shule haiwezi kuishi bila hicho, na vingine viwe vya kuruhusiwa, aweke anayevihitaji.

Sasa kazi yenyewe.

Kwenye ukurasa wa usimamizi tengeneza makundi mawili, Maabara na Walimu, kwa sababu mahitaji yao hayafanani. Kwa kila kundi toa tokeni ya usajili, yaani msimbo unaoiunganisha Chrome na kundi hilo. Ukurasa unakupa faili la `.reg` la kupakua. Liweke kwenye flashi, liendeshe kwenye kila laptopu kwa akaunti ya msimamizi wa Windows. Kwenye rejista, yaani hifadhi ya mipangilio ya Windows, linaandika `CloudManagementEnrollmentToken` chini ya `HKLM\SOFTWARE\Policies\Google\Chrome`. Funga Chrome yote, ifungue tena, andika `chrome://policy`, ubonyeze kitufe cha kupakia sera upya. Ukiona sera zimeorodheshwa na chanzo chake ni wingu, imekubali. Laptopu safi haizidi dakika 5.

Tatizo la kwanza la kukutana nalo: umesajili laptopu 30, ukurasa unaonyesha 4. Mara nyingi fundi alinakili diski moja kwenye zote bila kupitisha Sysprep, zana ya Windows ya kuandaa diski kabla ya kunakiliwa. Chrome kwenye Windows inajitambulisha kwa `MachineGuid` iliyoko `HKLM\SOFTWARE\Microsoft\Cryptography`, na nakala zote zimebeba ileile, basi huduma inaziona kama mashine moja. Usihangaike na tokeni. Mwambie fundi arudie kunakili kwa Sysprep yenye kipengele cha kujumlisha (`/generalize`), kisha usajili tena.

Halafu nenda sehemu ya programu na viendelezi, upande wa watumiaji na vivinjari, kwenye mipangilio ya ziada. Badilisha kanuni ya kuanzia iwe kuzuia vyote, msimamizi aruhusu orodha. Kwa Walimu chagua ile inayowaachia nafasi ya kuomba. Ombi linakuja kwenye ukurasa wako pamoja na orodha ya ruhusa ambazo kiendelezi kinataka. Hiki ni kipengele kizuri kuliko vyote kwenye huduma hii, kwa sababu kinamaliza ugomvi wa chinichini wa walimu kutafuta njia za panya.

Ukishazuia vyote, ndani ya siku chache utasikia lalamiko kwamba Hati za Google hazifunguki intaneti ikikatika. Ni kweli. Kiendelezi cha Google cha kufanyia kazi nje ya mtandao nacho kimezuiwa. Kiruhusu mara moja kwa namba yake, `ghbmnnjooekpmoecnnnilnnbdlolhkhi`. Kwa mahali ambapo bando linaisha katikati ya kipindi na umeme haukai, hiki si cha kuacha.

Orodha iliyoruhusiwa iwe fupi. Vitano vinatosha, na kila kimoja kiwe na mwalimu anayejua kwa nini kipo. Kizuia matangazo kina maana kwa sababu kinaokoa data. uBlock Origin Lite inatosha. Ile ya zamani, uBlock Origin kamili, haifanyi kazi tena kwenye Chrome mpya baada ya Google kuondoa muundo wa zamani wa viendelezi, Manifest V2, mwaka 2025, na wanaoitafuta huishia kwenye viigizo vyenye jina na nembo za kufanana. Ruhusu kwa namba ya herufi 32, kamwe si kwa jina. Na usidhani Manifest V3, muundo mpya, imemaliza hatari: imekataza kiendelezi kuvuta msimbo kutoka seva ya nje, lakini ruhusa ya kusoma kurasa zote bado ipo.

Ongeza kizuizi cha ruhusa kwa kundi la Maabara: `proxy`, `debugger` na `nativeMessaging`. Ya kwanza ndiyo inayotumiwa na VPN za bure, ambazo hupitisha mawasiliano yote ya mwanafunzi kwenye seva ya mtu usiyemjua. Wanafunzi wanaziweka ili kukwepa kichujio cha shule. Waelezwe wazi kinachofuata nyuma ya pazia, wengi wanaelewa wakielezwa.

Kisha kinga tovuti nyeti zisiguswe na kiendelezi chochote, hata kilichoruhusiwa. Kwenye ruhusa na anwani, sehemu ya tovuti zilizozuiliwa, andika `*://*.necta.go.tz`, `*://*.tamisemi.go.tz`, `*://accounts.google.com` na tovuti ya benki ya shule. Usiweke njia baada ya jina la tovuti, haikubaliwi. Na mwisho ni tovuti 100. Kwenye kurasa hizo kiendelezi hakiwezi kupenyeza msimbo wala kusoma vidakuzi. Mistari hii minne inazima mfano wa mwalimu wa taaluma tulioutoa juu, hata kiendelezi kilichoruhusiwa kikigeuka kesho asubuhi. Kama shule ina muda wa kufanya jambo moja tu baada ya kuzuia vyote, basi iwe hili.

Funga pia hali ya msanidi. Kuna njia inayofahamika: mtu anatengeneza kiendelezi chake na kukipa utambulisho wa kile ulichokiruhusu, kisha anakipakia kutoka folda. Sera ya `DeveloperToolsAvailability` ikiwa 2 inaziba, lakini inafunga pia zana ambazo wanafunzi wa somo la kompyuta wanazitumia kujifunza HTML. Kwa Chrome 128 na kuendelea tumia `ExtensionDeveloperModeSettings`, ambayo inafunga hali ya msanidi ya viendelezi peke yake na kuacha zana za ukurasa. Ongeza `javascript://*` kwenye orodha ya anwani zilizozuiwa. Mwaka 2022 wanafunzi wa nje ya nchi walipata njia ya kuzima viendelezi vya shule kwa alamisho yenye msimbo kwenye ukurasa wa duka la Chrome; tundu lenyewe lilizibwa, ila mlango wa alamisho hauna sababu ya kubaki wazi maabara.

Mpaka hapo huduma inastahili sifa. Udhaifu wake mkubwa unakuja na laptopu zenyewe.

Laptopu iliyotumika, iliyowekewa Windows na programu za kuvunjwa kwenye duka la mtaani, mara nyingi ina kibadilisha PDF au kipakuzi cha bure kilichoandika kanuni zake moja kwa moja kwenye rejista. Fungua `chrome://policy` kabla ya kusajili. Ukikuta `ExtensionInstallForcelist` yenye namba usiyoijua, na Chrome inasema inasimamiwa na shirika wakati hakuna shirika lolote, hiyo ni kazi ya programu chafu. Kiendelezi hicho hakina hata kitufe cha kuondoa. Na hapa ndipo wengi wanapokwama: kwa utaratibu wa Chrome, kanuni iliyo ndani ya mashine inashinda kanuni ya mashine itokayo kwenye wingu. Orodha hazichanganywi, ya ndani inachukuliwa, yako inatupwa. Zaidi ya hayo, kiendelezi kilicholazimishwa kinapita hata kama umezuia vyote. Utakuwa unatazama ukurasa wako ukiwa na alama ya kijani, na maabarani kiendelezi kinaendelea kusoma.

Dawa ni kusafisha kwanza. Kwa `regedit` iliyofunguliwa kama msimamizi, futa kila kilicho chini ya `HKLM\SOFTWARE\Policies\Google\Chrome`, kisha `HKCU` kwenye njia hiyohiyo, kisha `HKLM\SOFTWARE\Google\Chrome\Extensions` na ndugu yake iliyo chini ya `WOW6432Node`. Ondoa programu iliyoviandika, la sivyo vinarudi ukiwasha tena. Kusakinisha Windows upya kutoka chanzo halali ni bora kuliko yote, na kwa laptopu mpya kutoka dukani pendekezo letu ni hilo bila kusita. Kama kinga ya baadaye, washa sera ya `CloudPolicyOverridesPlatformPolicy`, inayogeuza utaratibu ili wingu lishinde.

Udhaifu wa pili: huduma inaongoza Chrome tu. Edge imo ndani ya kila Windows 10 na 11, na inapokea viendelezi kutoka duka lilelile la Chrome. Iandikie kizuizi chake mwenyewe: chini ya `HKLM\SOFTWARE\Policies\Microsoft\Edge\ExtensionInstallBlocklist` weka thamani yenye jina `1` na maudhui `*`. Firefox nayo inasoma `HKLM\SOFTWARE\Policies\Mozilla\Firefox`; tumia rejista badala ya faili la `policies.json`, kwa sababu faili linakaa kwenye folda ya usakinishaji na halimgusi anayekuja na Firefox kwenye flashi. Haya yote hayana maana kama wanafunzi wanaingia Windows kwa akaunti ya msimamizi. Wapewe akaunti ya kawaida, na nenosiri la msimamizi lisibandikwe ubaoni wala chini ya laptopu.

Tatu ni masasisho. Chrome nzima inazidi MB 100. Laptopu 30 zikijisasisha pamoja asubuhi ya Jumatatu kwenye bando la ruta moja, kipindi kimekwisha. Jibu linalokuja haraka ni kuzuia masasisho, nalo ni kosa, kwa sababu matundu ya kivinjari na ya viendelezi yanazibwa kwa njia hiyohiyo. Huduma inaruhusu kusimamisha masasisho kwa saa maalumu, hadi saa 16 kwa siku. Lakini angalia ratiba halisi ya shule: ukisimamisha kuanzia saa 1 asubuhi mpaka saa 11 jioni, na laptopu zinafungiwa stoo saa 10, hazitasasishwa kamwe. Simamisha masaa ya vipindi tu, na Jumamosi, nje ya masaa hayo, mtu aziwashe zote kwa saa mbili. Kama kuna kompyuta moja inayoweza kuwa seva ya Squid (programu inayohifadhi nakala ya kinachopakuliwa), weka mapendeleo ya upakuaji yawe ya kuhifadhika, ili faili lishuke mara moja na zingine zichukue hapohapo.

Laptopu zenye Windows 7 au 8.1 ziko nje ya mazungumzo haya. Chrome 109 ya Januari 2023 ndiyo ya mwisho kwao. Usizisajili ukaridhika; zitoe kwenye mtandao, zitumike kwa uchapaji.

Taarifa za matumizi hazijiwashi. Washa kuripoti kwa vivinjari, subiri hadi saa 24, ndipo utaona orodha ya viendelezi, matoleo yake, ruhusa na idadi ya laptopu. Fanya hivyo wiki moja kabla ya kuzuia vyote, ili ujue walimu wanategemea nini.

Tunaipa alama 4 kati ya 5. Kwa shule yenye laptopu chini ya 10, faili moja la `.reg` lenye vizuizi vya vivinjari vitatu, likiendeshwa kwa flashi, linafanya karibu kazi ileile bila usajili wowote. Kuanzia 20, au matawi mawili kama Njiro na Moshi chini ya msimamizi mmoja, hakuna sababu ya kuiacha.

Siku kiendelezi kilichoruhusiwa kikigeuka, kiweke kwenye kuzuiwa; laptopu zilizo mtandaoni hukizima ndani ya dakika chache, zilizoko stoo bado zinacho mpaka ziwashwe na kupata intaneti, kwa hiyo ziwashwe siku hiyohiyo. Kisha, kwenye mashine ambayo haikuwa nacho, kila mwalimu abadilishe nenosiri na abonyeze kutoka kwenye vifaa vyote. Kidakuzi kilichokwisha kuibwa hakirudi kwa kufuta kiendelezi. Kinakufa pale tu akaunti inapotolewa kila mahali.